Kansela hapatikani usiku wa uchaguzi: Ujerumani na majirani zake wanavyowapata wakuu wa serikali

Msomaji wetu wa Mwanza ameuliza: "Mei 2025 asubuhi nilisikia redioni kwamba Friedrich Merz ameshindwa kuwa Kansela wa Ujerumani, jioni nikasikia ameapishwa. Chama chake kilipata asilimia 28 tu. Na kule Austria chama kilichoongoza uchaguzi kimeachwa nje ya serikali. Kwetu rais tunampigia kura wenyewe, mwenye nyingi ndiye. Hawa wenzetu mkuu wa serikali wanampataje hasa? Na ni kweli kwamba Hitler alichaguliwa na wananchi?"

Ndugu yangu, siku hiyo uliyoisikia redioni ni mahali pazuri pa kuanzia, maana karibu kila unachouliza kilijitokeza ndani ya saa chache.

Ilikuwa Jumanne, tarehe 6 Mei 2025. Bundestag, bunge la Ujerumani lenye wabunge 630, lilikutana Berlin asubuhi kumchagua Kansela. Jina lililopendekezwa na Rais Frank-Walter Steinmeier lilikuwa moja tu, la Merz. Kambi ya wahafidhina ya CDU na CSU ilikwisha kutia saini mkataba wa serikali ya mseto na SPD, chama cha Social Democrats, na kwa pamoja walikuwa na viti 328. Kilichohitajika ni kura 316. Mbunge huitwa kwa jina, huchukua karatasi, huingia kwenye kibanda, hutia alama yake na kutumbukiza bahasha sandukuni. Spika Julia Klöckner aliposoma matokeo, Merz alikuwa na kura 310. Maana yake wabunge wasiopungua 18 wa kambi yake mwenyewe walimnyima kura, na kwa kuwa kura hiyo ni ya siri, hakuna awezaye kuwanyooshea kidole. Tangu mwaka 1949 halijawahi kutokea jambo kama hilo kwa mtu ambaye vyama vimekwisha kukubaliana kumpa ukansela.

Duru ya pili siku hiyo hiyo ilihitaji ridhaa ya theluthi mbili ya wabunge, kwa sababu kanuni za Bunge zinataka muda upite. Wahafidhina wakalazimika kuwafuata wapinzani, pamoja na Die Linke, chama cha mrengo wa kushoto ambacho CDU ina azimio la kutoshirikiana nacho. Wapinzani wakaridhia kura ipigwe, ingawa wao wenyewe hawakumpigia Merz. Alasiri akapata 325. Akaenda kwenye kasri la Bellevue kupokea hati ya uteuzi kutoka kwa Rais, kisha akarudi bungeni kula kiapo.

Angalia nani walikuwa na kauli siku hiyo: watu 630. Wananchi walikuwa wamekwisha kupiga kura yao tangu tarehe 23 Februari, na katika karatasi yao hapakuwa na mahali pa kumchagua Kansela. Mjerumani hupewa karatasi yenye kura mbili. Ya kwanza ni ya mbunge wa eneo lake, ya pili ni ya orodha ya chama, na hiyo ya pili ndiyo inayoamua kila chama kitapata viti vingapi. Jina la Merz kama mbunge wa eneo lilikuwa kwenye karatasi za Hochsauerland peke yake, wilaya yenye milima huko magharibi alikozaliwa. Mtu wa Munich au Leipzig aliyetaka awe Kansela alichoweza kufanya ni kukipigia chama chake au ndugu yake CSU, wa jimbo la Bavaria, halafu kungoja.

Sasa hizo asilimia 28. CDU na CSU walipata 28.5, SPD wakapata 16.4. Ukijumlisha hupati hata 45, lakini viti vyao vilizidi nusu. Sababu ni kizingiti cha asilimia 5: chama kisichokifikia hakipati mgawo wa viti, na kura zake haziingii kwenye hesabu ya viti. Mwaka huo waliberali wa FDP waliishia 4.3, na BSW, chama kipya cha Sahra Wagenknecht, kikakwama kwenye 4.98. Vyama hivyo vilivyoachwa nje ndivyo vilivyofanya asilimia 45 zitoshe.

Linganisha na mwaka 1976. Helmut Kohl aliongoza CDU na CSU hadi asilimia 48.6 ya kura, kiasi ambacho mwanasiasa wa leo wa Ujerumani hawezi hata kukiota. Hakuwa Kansela. SPD walikuwa na 42.6 na FDP 7.9, wawili hao walikuwa pamoja, wakamrudisha Helmut Schmidt madarakani. Kohl akaketi upinzani miaka sita. Kwa hiyo ukitaka kujua nani atatawala Ujerumani, swali la kwanza ni nani yuko tayari kukaa na nani. Swali la nani ameongoza linakuja baadaye.

Na si hivyo tu. Tangu 1949 Ujerumani imekuwa na makansela kumi. Wanne kati yao, yaani Ludwig Erhard (1963), Kurt Georg Kiesinger (1966), Schmidt (1974) na Kohl (1982), waliingia katikati ya muhula bila uchaguzi mkuu wowote. Na mara moja tu, mwaka 1998, kura za wananchi zimewatoa kwa pamoja vyama vyote vilivyokuwa serikalini na kuwaingiza wengine kabisa: Gerhard Schröder na chama cha Kijani walipochukua nafasi ya Kohl na FDP.

Nchi iliyopitia yale iliyopitia ilichaguaje mfumo unaowapa wabunge nguvu zote hizi? Hapo ndipo linapoingia swali lako la Hitler, nami siwezi kulijibu vizuri bila kurudi nyuma zaidi yake.

Katika himaya ya Ujerumani iliyoundwa 1871, Kansela alitengenezwa na mtu mmoja, mfalme. Otto von Bismarck aliitwa na Mfalme Wilhelm I wa Prussia mwezi Septemba 1862, wakati mfalme amegombana na bunge juu ya fedha za jeshi hadi akafikiria kujiuzulu. Bismarck aliahidi kutawala bila bajeti iliyopitishwa na bunge, na akafanya hivyo miaka minne. Akakaa madarakani karibu miaka 28, na siku Wilhelm II, kijana wa miaka 31, alipomchoka Machi 1890, akaondoka. Bunge lilikuwepo, tena wanaume wote wa kuanzia miaka 25 walilipigia kura, lakini halikuweza kumweka wala kumwondoa.

Sisi wa Afrika Mashariki tuliguswa na utaratibu huo moja kwa moja. Tarehe 27 Februari 1885, siku moja baada ya mkutano wa Berlin kufungwa, hati ya ulinzi ya Kaiser ilitolewa kwa kampuni ya Carl Peters juu ya Usagara, Ukami, Uzigua na Nguru, na wenye nchi wala hawakuwa na habari. Mrithi wa Bismarck, Leo von Caprivi, ndiye aliyekuwa Kansela ulipotiwa saini mkataba wa tarehe 1 Julai 1890, ambao Ujerumani ilikubali Zanzibar iwe chini ya Waingereza na yenyewe ikapata kisiwa cha Heligoland. Bernhard von Bülow alikuwa kwenye kiti hicho wakati wote wa Vita vya Maji Maji. Bunge la Berlin lilikuwa na silaha moja, mfuko wa fedha: Desemba 1906 lilipokataa kuongeza fedha za vita vya Namibia, serikali ililivunja na kuitisha uchaguzi mpya. Kansela alibaki, wabunge ndio waliokwenda nyumbani.

Baada ya kushindwa vita mwaka 1918, Wajerumani waliandika katiba ya Weimar, na hapo walijaribu kufunga ndoa ya mambo mawili. Rais alichaguliwa na wananchi wote kwa kura ya moja kwa moja, na yeye ndiye aliyemteua Kansela. Bunge nalo liliweza kumwangusha Kansela wakati wowote. Tena kifungu cha 48 kilimpa Rais mamlaka ya kutoa amri za dharura. Matokeo yake yalikuwa serikali takriban 20 katika miaka 14. Kilichokuwa kibaya zaidi ni kwamba bunge lingeweza kubomoa bila wajibu wa kujenga. Tarehe 12 Septemba 1932 serikali ya Franz von Papen ilikataliwa kwa kura 512 dhidi ya 42. Wanazi na Wakomunisti, watu waliokuwa wakipigana mitaani, walipiga kura pamoja, ingawa hakuna aliyefikiri wangeweza kutawala pamoja hata kwa saa moja.

Basi, Hitler. Mara moja tu aligombea cheo kinachopigiwa kura na taifa zima, urais wa mwaka 1932, akashindwa na mzee Paul von Hindenburg kwa asilimia 36.8 dhidi ya 53. Julai mwaka huo chama chake kilikuwa kikubwa kuliko vyote bungeni kwa asilimia 37.3, na bado Hindenburg alikataa kumpa ukansela. Novemba kikashuka hadi 33.1 kwa kupoteza kura kama milioni mbili. Alikuwa anateremka, na hapo ndipo alipoingizwa. Papen, aliyetaka kulipiza kisasi kwa Kurt von Schleicher aliyemrithi, alikutana na Hitler tarehe 4 Januari 1933 nyumbani kwa mwenye benki Kurt von Schröder mjini Cologne. Wiki zilizofuata Papen, mwanawe Hindenburg aitwaye Oskar, na watu wachache waliomzunguka Rais walimlainisha mzee huyo wa miaka 85. Walimhakikishia kwamba katika baraza Wanazi watakuwa watatu tu, Hitler, Wilhelm Frick na Hermann Göring, na Papen mwenyewe akiwa makamu atawashika hatamu. Tarehe 30 Januari Hindenburg akatia saini.

Kwa hiyo jibu langu ni hili: hakuna uchaguzi uliompa Hitler wingi wa kura, si kabla ya kuteuliwa wala Machi 1933, alipopata 43.9 huku wapinzani wake wakiwa wanakamatwa na askari wake wa mitaani wakisimama kwenye vituo. Lakini naomba usilibebe jibu hili kama msamaha kwa wapiga kura. Theluthi nzima ya waliopiga kura ilimpigia kwa hiari, ikijua anachosema juu ya Wayahudi na juu ya demokrasia. Bila kura hizo Papen asingekuwa na haja naye. Na tarehe 23 Machi 1933 wabunge waliokutana katika jumba la opera la Kroll, likiwa limezungukwa na wanamgambo, walimpa mamlaka ya kutunga sheria bila wao kwa kura 444. Waliosimama kukataa ni wale wa SPD, 94. Wakomunisti hawakuwamo kabisa. Walikuwa jela, mafichoni au uhamishoni. Huwa naihesabu siku ile kuwa muhimu kuliko tarehe 30 Januari, na nasikitika kwamba haisemwi sana.

Walioandika Sheria ya Msingi ya mwaka 1949, yaani katiba ya Ujerumani ya leo, wengi walikuwa wameyaona hayo kwa macho yao. Rais walimvua meno: hachaguliwi na wananchi tena, na kazi yake kwa Kansela ni kupendekeza jina na kutia saini. Kisha wakaja na kifungu cha 67, ambacho kwa maoni yangu ndicho kilichoibakiza Ujerumani imetulia miaka yote hii: Bunge haliwezi kumwondoa Kansela mpaka kura hiyo hiyo imchague mwingine mahali pake. Kubomoa na kujenga vimekuwa tendo moja. Umoja wa aina ile ya Septemba 1932 haufai kitu tena.

Wa kwanza kupita njia hiyo mpya alikuwa Konrad Adenauer, na alipita kwa upenyo mwembamba kweli. Alikuwa meya wa Cologne tangu 1917 hadi Wanazi walipomfukuza 1933. Wamarekani wakamrudisha 1945, Waingereza wakamwondoa miezi michache baadaye. Baada ya uchaguzi wa Agosti 1949 aliwaalika vigogo wa chama chake nyumbani kwake Rhöndorf, akawalisha, na mazungumzo yakiendelea akajitaja mwenyewe kuwa anafaa ukansela. Alikuwa na miaka 73. Aliwaambia daktari wake haoni tatizo akishika kazi hiyo mwaka mmoja, pengine miwili. Tarehe 15 Septemba alihitaji kura 202 kati ya 402, akapata 202 kamili, yake mwenyewe ikiwamo. Akatawala miaka 14.

Kifungu cha 67 kimejaribiwa mara mbili tu. Ya kwanza ni tarehe 27 Aprili 1972, nayo inanigusa kila ninapoisoma. Willy Brandt, aliyewakimbia Wanazi akiwa kijana na kuishi uhamishoni Norway na Sweden, alikuwa akifanya mapatano na Poland na Urusi ya Kisovieti, na wabunge kadhaa walimhama kwa sababu hiyo. Rainer Barzel wa CDU akapiga hesabu akaona anao watu wa kutosha. Wabunge wengi wa SPD waliagizwa wabaki vitini wasipige kura kabisa, ili msaliti asipate mahali pa kujificha. Barzel alihitaji 249, akapata 247. Miaka ilipopita ilifahamika kwamba Stasi, idara ya ujasusi ya Ujerumani Mashariki, ilimlipa mbunge Julius Steiner wa CDU mark 50,000 ili asimpigie Barzel.  Miaka miwili baada ya kura hiyo Brandt aliangushwa na jasusi wa idara hiyo hiyo, Günter Guillaume, aliyekuwa msaidizi ndani ya ofisi yake.

Ya pili ilifaulu. Tarehe 1 Oktoba 1982 FDP walimwacha Schmidt wakahamia kwa Kohl, aliyepata kura 256. Ilikuwa halali kabisa, lakini watu wengi walinung'unika kwamba wamebadilishiwa serikali bila kuulizwa. Kohl mwenyewe aliona anahitaji baraka zao, hivyo Desemba akaomba kura ya imani kwa makusudi ya kushindwa ili Bunge livunjwe, na Machi 1983 akashinda uchaguzi vizuri.

Lakini njia ya kufika kwenye kura ya Bunge huanzia mbali, ndani ya chama, na huko ndiko kwenye shughuli. Wengi hupitia kwanza uongozi wa jimbo au jiji: Kiesinger alitoka Baden-Württemberg, Brandt Berlin Magharibi, Kohl Rhineland-Palatinate, Schröder Lower Saxony, Olaf Scholz Hamburg. Mtu anapimwa kwanza na mambo ya shule, barabara na polisi. Angela Merkel hakupita hapo. Alikuwa mwanafizikia wa Ujerumani Mashariki aliyeingia siasa baada ya Ukuta wa Berlin kuanguka, na kufikia Januari 1991 Kohl alikwisha kumpa uwaziri. Kashfa ya michango ya siri ya CDU ilipolipuka mwishoni mwa 1999, yeye akiwa katibu mkuu wa chama, aliandika katika gazeti la Frankfurter Allgemeine tarehe 22 Desemba kwamba chama lazima kijifunze kutembea bila Kohl. Wanaume waliomtangulia walikuwa wamefungwa na deni la shukrani kwa mzee, yeye alithubutu. Aprili 2000 mjini Essen akachaguliwa mwenyekiti.

Kisha akafanya jambo ambalo wengi hawaliwezi, kungoja. Januari 2002 alikwenda Wolfratshausen nyumbani kwa Edmund Stoiber wa CSU, wakala kifungua kinywa, akamwachia ugombea ukansela. Stoiber akashindwa kwa kura chache. Merkel akachukua uongozi wa wabunge wa kambi yao kutoka kwa mtu aliyekuwa anaushika, Friedrich Merz, na 2005 zamu ikawa yake. Aliongoza kwa asilimia moja tu, 35.2 dhidi ya 34.2, na Schröder akatangaza kwenye televisheni usiku ule kwamba SPD haitamkubali kamwe. Miezi miwili baadaye wabunge wa SPD walimpigia kura. Si wote: mseto ule ulikuwa na viti 448, naye alipata kura 397. Yaani Merkel alinyimwa kura 51 na hakuna aliyetikisika, Merz alinyimwa 18 na dunia nzima ikasikia. Unene wa mseto ndio uliokuwa tofauti.

Austria wanazungumza Kijerumani hicho hicho lakini kanuni yao ni nyingine, na inafanana zaidi na Weimar. Tangu marekebisho ya katiba ya 1929 Rais humteua Kansela, na hakuna kura ya Bunge ya kumthibitisha. Bunge linaweza tu kumkataa baadaye. Waziri Mkuu wetu Tanzania huteuliwa na Rais kisha Bunge likamthibitisha. Kansela wa Austria hana hata hatua hiyo ya pili. Kwa desturi Rais humwita kwanza kiongozi wa chama kilichoongoza, lakini desturi si sheria. Mwaka 1999 ÖVP, chama cha wahafidhina, kilishika nafasi ya tatu, nyuma ya FPÖ ya Jörg Haider, chama cha mrengo mkali wa kulia, kwa kura 415 nchi nzima. Kiongozi wake Wolfgang Schüssel alikuwa ameahidi kwamba akiwa wa tatu atakwenda upinzani. Badala yake alifunga mkataba na Haider na kuchukua ukansela yeye mwenyewe. Rais Thomas Klestil hakupenda. Aliwakataa watu wawili wa FPÖ waliopendekezwa uwaziri, na tarehe 4 Februari 2000 aliwaapisha waliobaki akiwa amekunja uso mbele ya kamera, huku serikali mpya ikiwa imefika kwake kupitia njia ya chini ya ardhi kwa sababu uwanja wa nje ulijaa waandamanaji.

Hiyo ya 2024 uliyoiuliza ni ya ukoo huo. FPÖ wakiongozwa na Herbert Kickl walikuwa wa kwanza kwa asilimia 28.8, lakini hakuna chama kilichokubali kukaa nao. Rais Alexander Van der Bellen akampa kazi ya kuunda serikali Karl Nehammer wa ÖVP, aliyekuwa wa pili. Mazungumzo yakavunjika, Nehammer akajiuzulu, na Januari 2025 Kickl naye akapewa kazi ya kuunda serikali. ÖVP, sasa wakiwa tayari kuzungumza naye, waligombana naye hasa juu ya nani atashika wizara ya mambo ya ndani, na tarehe 12 Februari akairudisha kazi kwa Rais. Mwishowe vyama vitatu, ÖVP, SPÖ cha Social Democrats na NEOS cha waliberali, vikakubaliana, na tarehe 3 Machi Christian Stocker akaapishwa. Stocker, mwanasheria wa Wiener Neustadt, hakuwa mgombea mkuu wa chama chochote siku ya kupiga kura. Kickl hakuibiwa ushindi, alikosa wenzi. Hata hivyo naelewa hasira ya waliompigia, na chama kinachojiita cha wananchi kikiachwa nje hivyo hunenepa kwa hasira hiyo.

Uswisi hawana mkuu wa serikali kwa maana yako wewe. Nchi inaongozwa na baraza la watu saba walio sawa, na urais huzunguka kila mwaka. Kila kiti hupigiwa kura ya siri na wabunge 246 wa mabunge yote mawili, na mara chache sana mtu aliye madarakani huondolewa. Mwaka 2007 ilitokea: Christoph Blocher, nyota wa SVP, chama cha mrengo wa kulia kilichokuwa kimetoka kupata ushindi mkubwa, alienda kwenye kura akiwa na uhakika. Wapinzani walikuwa wamekubaliana chinichini jina la Eveline Widmer-Schlumpf, mwanachama wa SVP hiyo hiyo na waziri wa fedha wa jimbo la Graubünden. Alipata 125, Blocher 115. Akaomba usiku mmoja wa kufikiri, kesho yake akakubali, na SVP ikaifukuza sehemu nzima ya chama katika jimbo lake. Liechtenstein, yenye bunge la watu 25, wao huwapendekeza mawaziri bungeni na mtawala wao wa kurithi huwateua. Tangu Aprili 2025 serikali inaongozwa na Brigitte Haas, mwanamke wa kwanza hapo.

Imebaki moja ambalo hukuuliza, lakini nadhani utaliuliza ukisikia kwamba AfD, chama cha mrengo mkali wa kulia, kilikuwa cha pili Ujerumani kwa asilimia 20.8: je, wanaweza kufika kwenye ukansela bila wingi wa Bunge? Mlango upo, na uko ndani ya kifungu cha 63. Jina la Rais likikataliwa, Bunge lina siku 14 za kumpata mtu kwa wingi kamili, yaani zaidi ya nusu ya wabunge wote. Likishindwa, hupigwa duru ya mwisho, na hapo mwenye kura nyingi anashinda hata kama hazifiki nusu.

Jimbo la Thuringia lina katiba yenye duru kama hiyo, na tarehe 5 Februari 2020 tuliona inavyoweza kutumika. Waziri mkuu wa jimbo, Bodo Ramelow wa Die Linke, aliingia duru ya tatu akitegemea kura nyingi. AfD walikuwa na mgombea wao kwenye karatasi, lakini wabunge wao wote walimwacha na kumpigia Thomas Kemmerich wa FDP, chama kilichopenya kizingiti kwa kura chache mno. CDU nao walimpigia. Akashinda 45 kwa 44, akakubali. Kiongozi wa wabunge wa Die Linke, Susanne Hennig-Wellsow, alimwendea kama wa kumpongeza na kulitupa shada la maua miguuni pake. Merkel alikuwa ziarani Pretoria. Akasema kutoka huko kwamba jambo hilo halisameheki na lazima lirekebishwe. Kemmerich akajiuzulu siku ya tatu, na Machi Ramelow akarudishwa. Mwaka 2022 Mahakama ya Katiba iliamua kwamba Merkel, kwa kulisema hilo akiwa katika kazi ya ukansela, alivunja haki ya AfD ya kutendewa sawa na vyama vingine.

Kwa taifa zima kuna kinga moja ya ziada ambayo Thuringia haina. Mtu akishinda duru ya mwisho bila wingi kamili, Rais wa Shirikisho ana siku saba: ama amteue, ama alivunje Bunge na wananchi warudi vituoni. Hakuna rais aliyewahi kufikishwa hapo. Katika kazi zote alizobakiziwa Rais baada ya Hindenburg, hii ni mojawapo ya chache juu ya ukansela ambazo ataamua kwa akili yake mwenyewe.